Houston na Ramadhani ya Mwaka 1995



Katika ukurasa huu wa safari tumezoea kusimulia habari za miji tuliyoizuru kwa ajili ya arusi, matanga au kuwatazama jamaa. Safari ya mara hii ilikuwa na sababu ya namna nyingine. Tulikwenda Houston, katika jimbo la Texas, kwa ajili ya kijana wetu na mpira wa kikapu.

Kijana huyu ana umri wa miaka 14. Mwanzoni mwa mwaka wa masomo alichaguliwa kuingia katika timu ya shule yake, na kwa muda wa wiki mbili nyumba yetu haikuwa na mazungumzo mengine. Kisha tukaitazama kalenda. Kama mjuavyo, Ramadhani hurudi nyuma kiasi cha siku 11 kila mwaka wa jua, na baada ya miaka ipatayo 33 huwa imeyazunguka majira yote. Watoto wetu waliojifunza kufunga katika siku ndefu za kiangazi, sasa wanafunga wakati wa baridi, nao huku Marekani ndio wakati wa mpira wa kikapu. Mwalimu wa timu alimwambia kijana, kwa maneno ya upole, kwamba itamwia vigumu kumpanga mchezaji ambaye hajanywa maji tangu alfajiri. Sisi nasi tuliogopa mambo mawili: asije akaumia kwa kufunga, au asije akala kwa siri kwa sababu ya mchezo. Tukaona njia iliyo nyepesi ni kumwamuru aiache timu.

Hakubishana nasi. Alisema, "Sawa, Baba," akaingia chumbani na kuufunga mlango polepole. Laiti angaliubamiza, tungalipata neno la kumkanya. Ule utulivu wake ndio uliotunyima usingizi.

Tulimweleza habari hii kwa simu mzee mmoja wa Tanga, jirani yetu wa zamani, ambaye ameishi Houston tangu miaka ya 1980. Alisikiliza hadi mwisho, kisha akasema, "Mleteni kwangu likizo ya Desemba. Nina mahali pa kumwonyesha."

Kutoka Dallas hadi Houston ni mwendo wa saa nne hivi kwa gari, kilomita zipatazo 385, kwa barabara moja inayoelekea kusini. Kwanza huonekana malisho ya ng'ombe yasiyo na mwisho. Karibu na mji wa Huntsville huanza misonobari, na baada ya hapo hewa yenyewe hubadilika. Tulipowasili tulivua makoti, ijapokuwa ilikuwa Desemba. Unyevu wa Houston huushika mwili kama ule wa pwani yetu siku za kaskazi, na mzee wetu husema kwamba hiyo ndiyo sababu ya yeye kutouhama mji huo.

Houston ni mji wa nne kwa wingi wa watu katika Marekani. Haukujengwa ufukweni hasa, bali umeiita bahari ije kwake, kwa kuchimba mfereji mrefu upitishao meli hadi karibu na mji. Kijito cha maji mazito kiitwacho Buffalo Bayou hupita katikati yake. Mafuta ndiyo yaliyoutajirisha, na kituo cha warusha vyombo vya anga ndicho kilichoutangaza duniani. Wengi hudhani kwamba timu ya mji huo huitwa Rockets, yaani Maroketi, kwa sababu ya kituo hicho. Kumbe timu ilianzia San Diego, katika jimbo la California, ikahamia Houston mwaka 1971 pamoja na jina lake. Nayo ni mhamiaji kama sisi.

Asubuhi ya siku ya pili mzee alitupakia garini mwake, akatupeleka kando ya barabara kuu iendayo kusini magharibi, akasimama mbele ya jengo kubwa mno. Tulisoma maandishi yake tukastaajabu, maana lilikuwa kanisa. Ni kweli, jengo hilo ni Lakewood Church tangu mwaka 2005. Lakini lilipofunguliwa mwaka 1975 liliitwa The Summit, na ndani yake waliketi watu wapatao 16,000 kutazama mpira wa kikapu. Rockets walicheza hapo hadi mwaka 2003. Hatukuingia ndani. Tulisimama nje, penye maegesho ya magari, na mzee akamshika kijana bega.

"Mjukuu wangu," alisema, "katika nyumba hii alicheza Mwislamu aliyefunga, na mji mzima ukajua kwamba amefunga."

Basi tuwasimulieni msimu huo, kwa kuwa watoto wetu wengi hawakuwa wamezaliwa.

Hakeem Olajuwon alizaliwa Lagos, Nigeria, mwaka 1963, katika nyumba ya Waislamu wa Kiyoruba. Wazazi wake walikuwa wafanyabiashara wa saruji. Utotoni alicheza mpira wa miguu, akiwa mlinda lango, na mpira wa mikono. Mpira wa kikapu aliuanza akiwa kijana wa makamo ya kuingia sekondari za juu. Mwaka 1980 alifika Houston kusoma katika chuo kikuu cha mji huo, na mwaka 1984 Rockets wakamchagua kuwa wa kwanza kabisa miongoni mwa vijana wapya wa ligi. Michael Jordan mwenyewe alichaguliwa wa tatu mwaka huo. Kwa miaka mingi jina lake liliandikwa Akeem, bila ya herufi ya kwanza. Mwaka 1991 alitangaza kwamba jina lake ni Hakeem, na kwamba liandikwe hivyo. Ni nani kati yetu hajaona jina la mwanawe likiandikwa kombo shuleni, akanyamaza ili asionekane msumbufu?

Mwaka 1994 Rockets walitwaa ubingwa wa ligi ya taifa ya wachezaji wa kulipwa, NBA, baada ya kuishinda New York katika michezo saba. Wako waliosema kwamba ni bahati tu, kwa sababu Jordan alikuwa amestaafu tangu Oktoba 1993. Msimu wa 1994–95 ulipoanza mwezi wa Novemba, kulikuwa na timu 27, na kila moja ilipaswa kucheza michezo 82 kabla ya hatua ya mtoano. Mabingwa wa Houston walianza vyema, kisha wakayumba. Tarehe 14 Februari 1995 waliamua kumtoa Otis Thorpe, mmoja wa nguzo za ubingwa wao, wakamchukua Clyde Drexler kutoka Portland. Drexler alikulia Houston na alikuwa amecheza na Hakeem chuoni. Hata hivyo, watu wengi waliona kwamba timu imejibomoa yenyewe.

Katikati ya msukosuko huo ndimo ilimoingia Ramadhani. Ilianza mwanzoni mwa mwezi wa Februari, na Hakeem alifunga. Michezo mingi ya ligi huchezwa usiku, na magharibi ya Houston mwezi huo huingia baada ya saa kumi na mbili kidogo, hivyo katika usiku wa kawaida aliweza kufuturu kabla ya kuingia uwanjani. Lakini iko michezo ya mchana, ya mwisho wa juma. Hiyo aliicheza akiwa na saumu, wenzake wakinywa maji kila mapumziko, naye hanywi. Mwezi wa Februari ulipokwisha, ligi ilimtangaza kuwa mchezaji bora wa mwezi.

"Siku zile nilikuwa nikipanga mizigo katika ghala karibu na bandari," mzee alituambia. "Kila mwaka msimamizi wangu aliniuliza mbele ya wenzangu, 'Je, mwaka huu utaweza kazi bila ya kula?' Nami kila mwaka nilijibu kama mtu anayeomba radhi. Mwaka ule hakuniuliza. Alipita karibu nami asubuhi ya kwanza, akasema, 'Yule mrefu naye amefunga, sivyo?' Nikamjibu, 'Ndiyo.' Akaenda zake. Tangu siku hiyo sikuulizwa tena."

Tulinyamaza kidogo. Magari yalipita kwa kishindo barabarani, na kijana alikuwa akilitazama lile jengo kana kwamba anaona kupitia kuta zake.

Mzee aliendelea kutuchekesha kwa habari za chumba alichopanga pamoja na vijana wenzake wa Tanga, Mombasa na Zanzibar. Walikuwa na televisheni moja ndogo. Usiku wa mchezo, imamu wao alikuwa akiona safu za nyuma zikipungua kadiri tarawehe inavyosonga, hata usiku mmoja aligeuka baada ya salamu akasema kwamba Hakeem naye bila shaka atasali, kwa hiyo wao wana haraka gani? Hakutoka mtu tena.

Mmoja wetu, ambaye ndiye huamka usiku kutayarisha daku, hakuridhika na masimulizi haya. Alimwambia mzee, "Yule alikuwa mtu mzima wa miaka 32, na timu ilimwekea madaktari. Huyu ni mtoto."

"Ni kweli," mzee alijibu. "Sikumwita hapa aambiwe awe kama Hakeem. Hata wenye kimo kile hawakuwa kama Hakeem. Nimemwita aone kwamba yule bwana hakuanza kwa kuchagua kati ya viwili. Alianza kwa kupanga siku yake: ale nini daku, anywe maji kiasi gani, alale saa ngapi. Ninyi mlimpa mtoto chaguo kabla ya kumpa mpango."

Maneno hayo yalituingia, wala hatukuwa na jibu.

Turudi kwenye msimu. Houston walimaliza na ushindi 47 na kushindwa 35, wakashika nafasi ya sita katika kanda ya magharibi. Timu ya nafasi ya sita haikuwahi kutwaa ubingwa. Katika duru ya kwanza walikutana na Utah, iliyoshinda michezo 60, wakaitoa kwa michezo mitatu kwa miwili. Katika duru ya pili Phoenix iliongoza kwa michezo mitatu kwa mmoja, nao wakashinda yote mitatu iliyobaki. Ule wa saba waliushinda kwa pointi 115 kwa 114, baada ya mtupo wa mbali wa Mario Elie katika sekunde za mwisho. Kisha wakakabiliana na San Antonio, jirani zao wa Texas, walioshinda michezo 62, na mchezaji wao David Robinson alikuwa ametajwa kuwa bora wa ligi nzima mwaka huo. Hakeem alimfungia wastani wa pointi zaidi ya 35 kwa mchezo, na Houston wakapita kwa michezo minne kwa miwili.

Fainali ilikuwa dhidi ya Orlando ya Shaquille O'Neal, timu iliyomtoa Jordan, ambaye alikuwa amerejea mwezi wa Machi. Mchezo wa kwanza ulichezwa Orlando. Wenyeji waliongoza kwa pointi tatu, na mchezaji wao Nick Anderson akapewa mitupo minne ya adhabu katika sekunde za mwisho. Mmoja tu ungewatosha. Alikosa yote minne. Kenny Smith wa Houston akasawazisha kwa mtupo wa pointi tatu, na katika muda wa nyongeza Hakeem aliusukuma mpira kikapuni mwishoni kabisa: 120 kwa 118. Baada ya hapo Orlando hawakuinuka tena. Tarehe 14 Juni 1995, katika jengo lile lile tulilokuwa tumesimama mbele yake, Houston walishinda mchezo wa nne kwa 113 kwa 101 na kuwa mabingwa mara ya pili mfululizo. Hadi leo hakuna timu nyingine iliyotwaa ubingwa huo kutoka nafasi ya sita.

Kutoka hapo tulikwenda katikati ya mji. Nje ya uwanja wa sasa wa timu, uliofunguliwa mwaka 2003, imewekwa kumbukumbu ya shaba kwa heshima ya Hakeem. Tulitarajia kuona sanamu ya mtu, kama ilivyo desturi ya viwanja vya nchi hii. Haina uso wala mikono. Ni jezi yake tu, yenye namba 34. Kijana wetu alikuwa wa kwanza kuitambua maana yake, akacheka kwa furaha.

Si mbali na hapo liko jengo la mawe lenye nguzo ndefu, lililojengwa mwaka 1928 kuwa benki. Hakeem alilinunua, na leo ni msikiti na kituo cha kuwaelimisha watu juu ya Uislamu. Tuliswali adhuhuri humo. Safu zilikuwa na watu wa kila rangi: Wanigeria, Wapakistani, Waarabu, Wamarekani waliosilimu, na sisi wa pwani ya Afrika Mashariki. Tulipokuwa tukivaa viatu, mzee alitunong'oneza kwamba palipohesabiwa riba sasa pahesabiwa rakaa.

Jioni tulizunguka maduka ya mtaa wa Hillcroft, wenye vyakula vya Kihindi na Kipakistani, ambako hupatikana nyama ya halali, viungo vya pilau na tende za kila namna. Katika maduka ya upande huo wa mji husikika pia Kiswahili cha ndugu zetu kutoka Kongo, ambao wengi wao wamepokewa Houston kama wakimbizi. Mpira wa kikapu uliwatangulia hata hao. Mlinzi bora wa ligi katika msimu ule ule wa 1994–95 alikuwa Dikembe Mutombo, mzaliwa wa Kinshasa, aliyekuwa akichezea Denver na ambaye baadaye alimalizia kazi yake Houston. Na kijana wa Dar es Salaam, Hasheem Thabeet, aliyeingia ligi hiyo mwaka 2009, naye aliivaa jezi ya Houston kwa muda mfupi tangu mwaka 2011.

Mbele ya duka la viatu kijana alisimama, na bei tuliyoiona ilitutoa jasho. Hapo mzee alitukumbusha jambo jingine. Baada ya ubingwa wa pili, wakati wachezaji wakubwa walipokuwa wakitangaza viatu vya zaidi ya dola 100, Hakeem alikubali jina lake litiwe kwenye kiatu cha kampuni ya Spalding kilichouzwa kwa dola zipatazo 35, ili mzazi wa kipato cha chini aweze kukinunua. Vijana wengi wa wakati ule waliona si kiatu cha fahari. Wazazi waliona vingine. Kijana alikitazama kile cha dirishani mara moja zaidi, kisha akasema kwamba alivyo navyo bado vinafaa.

Usiku, kabla ya kulala, tulimwita tukamwomba radhi. Si jambo jepesi kwa wazazi wa kwetu kumwomba mtoto radhi, lakini tulikuwa tumemhukumu bila ya kumsikiliza. Tulimwuliza, "Wewe mwenyewe unataka nini?" Alijibu, "Nataka kufunga. Na nataka kucheza. Nikizidiwa nitasema." Kumbe alikuwa na jibu hilo tangu siku ya kwanza.

Tuliporudi nyumbani tulifanya lile ambalo tungalipaswa kulifanya mwanzo. Tulimpeleka kwa daktari, akapimwa. Tulimwendea sheikh wetu na maswali yetu, na mambo ya hukumu tumeyaacha kwake. Kisha tuliandika karatasi moja: siku za mazoezi, siku za mashindano, na saa ya magharibi kwa kila siku. Kwa kuitazama tu tuliona kwamba michezo iliyoangukia kabla ya kufuturu ni michache kuliko tulivyohofu. Katika hiyo tuliomba apunguziwe dakika, na akiona kizunguzungu atolewe mara moja. Tulipeleka karatasi hiyo kwa mwalimu wa timu sisi wenyewe, wala hatukumtuma mtoto.

Mwalimu aliisoma yote. Akatuuliza tumeipata wapi fikra hii, tukamwambia habari ya Houston. Alitabasamu. Alisema kwamba mwaka 1995 alikuwa mtoto mdogo, na kwamba baba yake alimwamsha atazame mwisho wa ule mchezo wa Orlando. "Kama mngalinijia mapema," alisema, "tungalipanga pamoja." Amekubali tujaribu.

Ndugu wasomaji, Ramadhani bado haijaingia, nasi hatujui itakuwaje. Huenda kijana akacheza dakika chache, huenda akachoka akaketi benchi. Lakini sasa yumo katika timu kwa jina lake kamili na kwa saumu yake, na tende zake tatu na chupa ya maji zitakuwa mkobani zikingoja magharibi. Wazazi wengine wenye watoto katika timu za shule, tunawaomba mtuandikie namna mlivyopanga, ili tusaidiane. Matokeo ya kwetu tutawaleteeni baada ya Idi, inshallah.

Wabillahi tawfiq.